Uzoefu wangu: nilinunua pikipiki tatu kwenye mnada wa halmashauri

Mwezi wa nane mwaka 2022 nilinunua loti, yaani fungu linalouzwa kwa pamoja, ya pikipiki tatu chakavu, Yamaha DT 125, kwenye mnada wa hadhara wa halmashauri moja ya wilaya huku Nyanda za Juu Kusini. Mbili zinatembea mpaka leo. Ya tatu iko bandani, imebaki fremu na tangi, maana kila kilichofaa kwake kimehamia kwa wenzake. Watu wengi wameniuliza nilipitia njia gani, na kila mmoja nimemhadithia kipande tu. Hapa naandika yote, pamoja na ile miezi mitatu na nusu niliyohangaika kwa sababu ya tarakimu moja.

Kazi yangu ni kukusanya maziwa kwa wafugaji wa Rungwe. Naondoka saa kumi na moja alfajiri na keni mbili za lita 20, moja kila upande, na njia zenyewe ni za kupanda na kushuka kwenye matope. Pikipiki hizi za bodaboda nimezitumia mbili, na zote shokapu zilikata tamaa kabla ya mwaka. DT naijua tangu utotoni. Bwana mifugo aliyekuwa anakuja kuchoma sindano ng'ombe wa baba alikuwa nayo, na tuliusikia mlio wake akiwa bado ng'ambo ya bonde. Kwa hiyo nilipoliona tangazo limebandikwa kwenye ubao wa ofisi ya kata, nilisimama nikalisoma mara mbili.

Tangazo la namna hii lisome neno kwa neno. La kwangu lilisema mali zitauzwa "kama zilivyo na mahali zilipo". Maana yake ukishanunua hakuna kurudisha, hakuna dhamana, na usafiri ni juu yako. Lilisema atakayeshinda atalipa asilimia 25 papo hapo na kilichobaki ndani ya siku 14, akishindwa amana yake imepotea na mali itauzwa kwa mwingine. Lilitoa siku tatu za kukagua kabla ya mnada. Na chini kabisa, kwa maandishi madogo, lilisema kodi na gharama zote za kubadilisha usajili ni za mnunuzi. Mstari huo wengi wanauruka, kumbe ndio uliokuja kunila muda kuliko yote.

Kitu kingine nilichokielewa baadaye ni kwa nini mali za serikali hufika mnadani zikiwa zimechoka namna ile. Halmashauri haiwezi kuamka asubuhi ikauza gari lake. Kuondoa mali ya umma kunasimamiwa na Sheria ya Ununuzi wa Umma kama ilivyo kwa kununua. Chombo kinakaguliwa, magari na pikipiki zinapita kwa mafundi wa TEMESA, wakala wa ufundi wa serikali, thamani inapangwa, vikao vinakaa, kibali kinaombwa na kusubiriwa. Huo ni ulinzi mzuri, na mimi kama mlipakodi nautaka. Lakini karatasi zikiwa zinazunguka, pikipiki iko uani inanyeshewa. Bei ya kianzio imetokana na hali iliyokuwa nayo siku ya tathmini, na wewe unainunua baada ya masika mengine kupita juu yake. Ndiyo maana picha au maelezo ya kwenye orodha hayatoshi. Nenda ukaone kwa macho yako.

Nilikwenda siku ya kwanza ya ukaguzi na fundi wangu. Yadi ilikuwa nyuma ya idara ya ujenzi, nyasi zimefika magotini, kuku wanapita chini ya Land Cruiser isiyo na injini. Loti zilikuwa zimeandikwa kwa chaki nyeupe. Niliitaka pikipiki moja tu, ila kwenye loti namba 14 zilikuwa tatu pamoja, na halmashauri haigawi loti. Zote zilikuwa bado na namba za SM, yaani Serikali ya Mitaa, tofauti na zile za serikali kuu zinazoanza na ST. Kwenye tangi la moja yake kulikuwa na maandishi ya mradi, yamefutika nusu, limebaki neno "MIFUGO" tu. Nilisimama pale kidogo. Sikuwa na uhakika kama ni ile niliyoiona utotoni, na haikuwa lazima iwe ile.

Kuwasha hairuhusiwi. Lakini injini ya DT ni ya tu-stroki, yaani ya mipigo miwili, inayochoma oili pamoja na petroli, na hiyo unaweza kuichungulia bila kuifungua. Fundi alimwomba mlinzi, akakubaliwa kwa sharti la kurudisha kila nati mahali pake. Akafungua bomba la moshi, akamulika tochi ya simu kwenye tundu la silinda, kisha akaisukuma kiki taratibu kwa mkono. Pistoni inapanda na kushuka mbele ya macho yako. Ya kwanza ilikuwa na michubuko mirefu ya wima, dalili kwamba iliwahi kukosa oili ikafunga. Ya pili ilikuwa laini, inang'aa kama kijiko. Ya tatu haikusogea kabisa. Fundi akaniambia, "Kaka, hapa una pikipiki moja nzima, moja ya kuchonga silinda, na duka la spea." Hesabu yangu yote niliijenga juu ya sentensi hiyo.

Tulipokuwa tunafunga bomba, mzee mmoja mnunuzi wa vyuma chakavu alitusogelea. Nilimwamkia, akaitikia, akaniuliza, "Umekuja na penseli?" Sikumwelewa. Akatoa karatasi nyembamba mfukoni, akaipachika kwenye shingo la usukani pale chesisi namba, yaani namba ya fremu, ilipopigwa, akaisugua kwa penseli mpaka tarakimu zikatokea zote, nyeupe juu ya kijivu. Akanikabidhi. "Fanya na hizo mbili. Chuma kitatengenezeka, mwanangu. Namba ikikosewa huitengenezi kwa spana." Nilifanya, nikazikunja karatasi tatu ndani ya kitambulisho changu, nikazisahau.

Siku ya mnada tulikuwa watu kama sitini. Dalali alisoma masharti yote kwa sauti kabla ya kuanza, jambo nililolipenda, na maofisa wa halmashauri walikaa mezani wakiandika. Nilikuwa nimejiwekea kikomo cha 1,300,000 kwa loti nzima. Kikomo hicho niliandika kwa kalamu kwenye kiganja, na nawasihi mfanye hivyo, maana watu wakianza kupandisha damu inachemka. Wanunuzi wa chakavu walipandishana mpaka 900,000 wakanyamaza; kwao pikipiki ni kilo za chuma na alumini tu. Nilibaki mimi na kijana mmoja wa bodaboda. Nyundo ikagongwa kwangu kwenye 1,150,000.

Malipo nayasifia. Hakuna aliyepokea fedha mkononi. Nilipewa namba ya malipo ya serikali, nikalipa amana ya 287,500 kwa simu palepale, na stakabadhi ikatoka. Siku ya sita nikamalizia 862,500 benki. Ukiambiwa na mtu yeyote umpe fedha taslimu "akusaidie kuingiza", ondoka. Malipo ya halali yana namba yake, na stakabadhi ndiyo itakayokutetea huko mbele.

Baada ya hapo ndipo nilipokosea. Nilipewa barua ya mauzo, hati ya dalali na kadi za usajili za zamani. Canter ilikuwa inanisubiri nje, dereva anapiga honi, nami nilikuwa na furaha. Nilisaini, nikakunja, nikapakia mzigo. Wiki moja baadaye nikiwa dirishani TRA, mamlaka ya mapato inayosajili vyombo vya moto, dada aliyenihudumia alilinganisha barua na kadi, akanirudishia kwa upole: "Kaka, hii siyo pikipiki moja." Kwenye barua, chesisi namba ya ile pikipiki nzima ilikuwa imeishia na 8. Kwenye kadi iliishia na 3. Kwa macho ya usajili nilikuwa nimenunua chombo kisichokuwepo, na kilichokuwa nyumbani kwangu bado kilikuwa mali ya halmashauri.

Nilirudi halmashauri nikidhani ni kazi ya asubuhi moja. Aliyeandaa orodha alikuwa amehamishwa kituo. Aliyemrithi alisema kosa ni la dalali. Dalali alisema yeye alinakili orodha ya halmashauri. Barua mpya ilihitaji saini ya juu, na mwenye saini alikuwa safarini, halafu kwenye vikao, halafu safarini tena. Nilisafiri mara nne, nauli na kulala vikanitoka 176,000. Kilichoniuma zaidi ya fedha ni kwamba ilikuwa inaingia Novemba, mvua zinaanza, ng'ombe wanaongeza maziwa, wafugaji wangu wa juu mlimani wananipigia simu, na pikipiki iliyokwisha kutengenezwa imesimama uani siwezi kuitoa barabarani. Mama mmoja alimwaga lita 11 siku moja. Aliniambia bila kulaumu, na hilo lilinikaa moyoni muda mrefu.

Safari ya nne nilipokuwa natafuta kitambulisho getini, zile karatasi za penseli zikaanguka. Nilizibeba mikononi mpaka kwa mhasibu. Alizitazama, akafungua daftari la mali, akafuatisha tarakimu kwa kidole moja baada ya nyingine, na ya mwisho ikawa 3 kote kuwili. Barua iliyosahihishwa ilitoka siku ileile saa tisa. Sijui ingechukua muda gani bila karatasi ile. Najua kwamba ilikuwa mfukoni mwangu tangu mwanzo, na kama ningeifungua pale mezani siku nilipokabidhiwa barua, kosa lingefutwa kwa dakika tano aliyeliandika akiwa amekaa palepale.

Usajili wenyewe baada ya hapo haukunisumbua. Askari wa usalama barabarani alikagua, namba za SM zilivuliwa na kurudishwa, nikapata namba za MC kwa jina langu. Ada sizitaji kwa sababu huweza kubadilika na bajeti ya Juni. Uliza dirishani kabla ya mnada na uijumlishe kwenye kikomo chako.

Sasa fedha. Loti 1,150,000. Canter 90,000. Spea na fundi kwa pikipiki zote mbili 845,000, ambapo sehemu kubwa ililiwa na ile ya michubuko: kuchonga silinda, pistoni na ringi zake, pampu ya oili ambayo ilitoka kwenye ile ya tatu bure. Klachi, cheni, matairi manne, kabureta moja. Ukiongeza na nauli za kufuata barua inakuwa 2,261,000 kabla ya ada za usajili. Pikipiki moja mpya ya kawaida niliyoiulizia dukani mwezi ule ilizidi milioni mbili na nusu. Mimi nina mbili, na shokapu zake zinabeba keni za maziwa bila kulia.

Si za kila mtu, lazima niseme. DT inakunywa mafuta kuliko hizi za kisasa, na oili ya tu-stroki ni gharama yake ya kila mwezi. Ukiwa na abiria wa mjini wa shilingi elfu moja moja, haitakulipa. Spea mpya hazipatikani kila duka, na bila ile ya tatu bandani ningekuwa nimekwama mara kadhaa. Na kama huna fundi unayemwamini wa kwenda naye siku ya ukaguzi, bora ungoje mpaka umpate.

Siku ile ya mnada pia jirani yangu alinunua kabati mbili za faili ambazo hakuna aliyezigombea, zimepakwa rangi ya kijivu ya ofisi na namba za mali kwa rangi nyekundu. Alipoikwangua rangi akakuta mninga mtupu, mbao za upana ambao siku hizi huupati. Moja ameiweka sebuleni. Samani ndizo ningemshauri anayeanza, kwa sababu hazina kadi wala chesisi.

Huduma ya mnada wenyewe naipa alama za juu kwa uwazi na kwa malipo. Nyaraka naipa alama ndogo, na naomba halmashauri zetu zisome orodha ya mwisho mbele ya kifaa chenyewe kabla ya kuipeleka kwa dalali. Ni kazi ya saa moja kwa watu wawili.

Wiki iliyopita limebandikwa tangazo jingine, wilaya nyingine. Loti namba 6 ni jenereta, na baridi ya maziwa kwangu inategemea umeme unaokatika. Jana nilikwenda kuikagua. Kabla sijagusa kitu nilitoa karatasi na penseli.