Mche wa asumini: vunja jani kabla hujatoa pesa

Nimenunua asumini mara tatu hapa Unguja, na mara ya kwanza niliyouziwa haikuwa asumini. Muuzaji wa kando ya barabara alinipa mche wa majani yanayometameta na ua jeupe moja, kwa shilingi 5,000. Nikautunza miezi minne. Maua yakaja, petali zimepinda kama pangaboi, lakini harufu hadi ubandike pua. Jirani yangu anayetunga vikuba, yale mashada madogo ya maua ya kunukia wanayovaa wanawake, alipita, akavunja jani na kunionesha pale lilipokatika: utomvu mweupe, mzito. "Mwanangu, asumini haitoi maziwa."

Nilisikitika sana, maana niliutaka kwa ajili ya kikuba. Tangu siku ile sinunui mche bila kuvunja jani.

Wa pili nimeutoa kwenye kitalu, shilingi 8,000, na huu ni wenyewe. Nilipochana kiriba, ule mfuko wa plastiki wa mche, nikakuta mizizi imejizungusha chini kama kamba; nikailegeza kwa vidole, iliyojikaza nikaikata. Kwanza niliupanda uani. Uani kwetu ni mawe ya matumbawe, udongo umejaa chokaa, na mmea unashindwa kufyonza madini ya chuma: majani yakawa manjano huku mishipa imebaki kijani. Nikauhamishia kwenye chungu kikubwa chenye udongo mwekundu, samadi iliyooza vizuri na mchanga kidogo. Majani mapya yakatoka kijani kitupu.

Maua ndiyo yaliyochelewa, na kosa lilikuwa langu. Niliuweka kivulini barazani na kuutia mbolea ya urea, ukanenepa majani matupu. Asumini inataka jua, la asubuhi hadi alasiri ukiweza. Nikausogeza, urea nikaacha, matawi nikayapunguza kama theluthi, kwa sababu tumba hutoka kwenye machipukizi mapya. Sasa kila maua yakipungua naukata tena. Vile vidudu vyeupe kama pamba vikitokea, maji ya sabuni yanatosha ukiwahi.

Kuchuma nako kuna wakati wake. Nachuma alasiri, tumba zikiwa zimevimba, nyeupe pe, bado zimefumba. Nazitandaza kwenye sahani na kuzifunika kitambaa chenye unyevunyevu. Baada ya Magharibi zinaanza kufunguka, na ikifika Isha nyumba nzima inanukia. Ukiliacha ua mtini, kesho yake linageuka rangi ya zambarau hafifu na harufu imekwisha.

Kitalu hiki nakisifu: mche ulikuwa mzima na bei yake ni halali. Ninachowaomba ni kuandika jina la mmea kwenye kiriba. Juzi nimerudi kuchukua wa tatu, na jani nimevunja vilevile, mwenyewe ananitazama.