Kubashiri joto la New York: nyota tatu kati ya tano
Niko Jersey City, na Kalshi, soko la mtandaoni la kubashiri matukio kwa pesa, huifungua asubuhi kabla ya zamu. Swali ni moja: leo joto la juu New York litafika nyuzi ngapi za Fahrenheit? Unanunua mkataba wa jibu lako; ukipatia, unalipa dola 1. Wanaotegemea programu ya hali ya hewa ya simu wanajipunja, maana malipo hufuata ripoti ya National Weather Service (idara ya hali ya hewa ya Marekani) ya kituo cha Central Park, si joto la mtaani kwako. Tena majira ya joto siku ya ripoti huanza saa saba usiku, kwa kuwa haifuati saa ambazo Marekani husogeza mbele majira hayo. Utabiri wa idara hiyo wa kila saa ni bure, na mzuri kweli. Ila upepo wa baharini ukiingia mchana, kwaheri hela. Shemeji yangu asiye na subira sitamwonyesha.