Gemu Linajifunga Lancha Ikifunguka? Chombo cha Kukutajia Mkosaji Tayari Unacho

Angalieni hapa kwenye skrini. Nabofya alama ya gemu. Lancha inakuja, nembo inatokea, kile kiduara kinazunguka, kinazunguka... imepotea. Hakuna ujumbe wa kosa, hakuna mlio, hakuna chochote. Tumerudi kwenye deskitopu kama vile hatukugusa kitu.

Kama hali hii imekukuta, tulia hapa. Huku kukrashi mlikokuona nimekusababisha kusudi, na kabla video haijaisha nataka tumkamate mkosaji kwa jina.

Karibuni tena kwenye chaneli. Leo sichambui kadi ya grafiki wala kipanya. Nachambua kitu kinachokuja na Windows tangu enzi za Vista, mwaka 2007, na nina hakika wengi wenu hamjawahi kukifungua. Kinaitwa Reliability Monitor, kinaandika siku kwa siku ni programu gani imeanguka na nini kimeingia kwenye kompyuta yako. Bei yake bure, hakuna cha kupakua, hakuna akaunti ya kufungua. Nakipenda chombo hiki, nasema waziwazi, na ninao ugomvi nacho pia, tutafika huko.

Kwa aliyejiunga leo: lancha ni ile programu inayotangulia gemu. Inakutaka uingie kwenye akaunti, inakuonyesha matangazo, ikitosheka ndipo ikuruhusu ucheze. Mimi lancha moja, siitaji jina, ilinitesa wiki mbili. Nililifuta gemu nikalipakua upya, gigabaiti 90 na ushee, nikarudia tena mara ya pili. Nikabadilisha draiva. Nikaanza kuhamisha mafaili yangu ili nifute diski nzima na kusakinisha Windows upya. Wiki mbili! Jibu lilikuwa limeandikwa ndani ya kompyuta ileile tangu siku ya kwanza, na hilo ndilo linalonichoma mpaka leo.

Haya, twende. Shikilia kitufe cha Windows, bonyeza R. Kwenye kile kisanduku andika perfmon, acha nafasi, mkwaju, kisha rel. Nimekuwekea hapo chini ya skrini: perfmon /rel. Bonyeza Enter. Subiri. Inachukua muda, usiibofye mara kumi.

Imefunguka. Hii grafu ya juu inaipa kompyuta yako alama kutoka 1 hadi 10. Hiyo iache, haitusaidii. Tunachotaka ni hizi safuwima, kila moja ni siku. Ukiona duara jekundu lenye alama ya X, siku hiyo kuna kitu kilianguka. Duara la buluu lenye herufi i maana yake kuna kitu kiliingia au kilibadilishwa: programu imesakinishwa, draiva imesasishwa, Windows imejiapdeti.

Sasa tazameni kwa makini, maana ndiyo sababu nimewasha kamera. Hii ni rekodi ya wiki zile mbili zangu, niliihifadhi. Safuwima hizi za kushoto zote safi. Gemu lilikuwa linacheza vizuri. Tunafika hapa, siku hii: duara jekundu. Inayofuata, jekundu. Jekundu, jekundu, jekundu. Rudi kwenye ile ya kwanza yenye wekundu, teremka ndani ya safuwima hiyohiyo. Unaona nini? Duara la buluu. Nalibofya. Orodha ya chini inaniambia kwamba siku ileile ilisakinishwa programu ya kuonyesha idadi ya fremu, yaani picha ambazo gemu linachora kwa sekunde, juu ya skrini. Hata sikukumbuka kuiweka! Ilikuja imefungashwa pamoja na programu nyingine, nikabofya endelea, endelea, maliza.

Mmeona uzuri wake? Aliyeingia na kilichoanguka wako kwenye safuwima moja, mmoja juu ya mwenzake. Sijaona chombo kingine cha bure kinachokupangia hivyo. Mtu akiniuliza, "Ulibadilisha nini kwenye kompyuta?" mimi hujibu sijabadilisha kitu, na kila mtu hujibu hivyohivyo, na tunasema kwa nia njema kabisa. Kumbukumbu yetu haihesabu vitu vilivyoingia vyenyewe usiku. Hii inavihesabu.

Lakini kuonekana eneo la tukio si ushahidi. Bofya mara mbili kwenye lile tukio jekundu. Linafunguka dirisha la maelezo, na humo soma mistari mitatu tu. Wa kwanza, Application Name: nani ameanguka, lancha au gemu lenyewe? Usidhanie, soma. Mara nyingi tunailaumu lancha kumbe imefanya kazi yake, imeliita gemu, na gemu ndilo lililokufa. Wa pili, Fault Module Name, faili gani hasa lilikuwa kazini kosa lilipotokea. Wa tatu, Exception Code, namba ya kosa.

Kwangu mstari wa pili ulitaja faili la DLL, yaani kipande cha programu ambacho programu nyingine zinaweza kukiita, la ile programu ya fremu. Hapo sasa ndipo ushahidi ulipo. Programu za aina hii, za kuonyesha fremu, za kurekodi, za kupiga soga ndani ya gemu, zinachomeka faili lao ndani ya programu nyingine ili ziweze kuchora juu yake. Lancha nyingi za siku hizi kwa ndani ni kivinjari cha intaneti, zimejengwa juu ya Chromium, na zenyewe zinatumia kadi ya grafiki kuchora kurasa zake. Basi ile programu inaona kitu kinachorwa kwa kadi ya grafiki, inadhani ni gemu, inajichomeka. Lancha haikutarajia mgeni. Inaanguka.

Ndiyo maana ukikuta faili linaloitwa libcef.dll kwenye mstari wa pili, ujue uko kwenye kile kivinjari cha ndani ya lancha. Hapo usipoteze data kupakua gemu upya, gemu halihusiki. Zima programu zinazochora juu ya skrini, futa kache ya lancha, yaani mafaili ya muda iliyojiwekea, na kama lancha yako ina mpangilio wa kuzima matumizi ya kadi ya grafiki kwa kurasa zake, uzime. Na hili la kivinjari ndilo liliifanya Steam, lile duka la gemu lenye lancha yake, iache kuhudumia Windows 7 na 8 tangu tarehe 1 Januari 2024: Chromium iliyo ndani yake haikuendelea tena na mifumo hiyo. Kama bado uko huko, hiyo ni sababu tosha.

Mstari wa tatu, haraka. 0xc0000135, kuna DLL inahitajika na haipo. 0xc000007b, mara nyingi ni mafaili ya biti 32 na ya biti 64 yamechanganyikana. Kwa hizi mbili, nenda tovuti ya Microsoft yenyewe, chukua Visual C++ Redistributable, kifurushi cha DLL ambazo gemu nyingi huzitegemea, na usakinishe zote mbili, x86 ya biti 32 na x64 ya biti 64. Msiniandikie kwamba Windows yenu ni ya biti 64 hivyo x86 haihitajiki. Gemu linaweza kuwa la biti 64 na lancha yake ikawa ya biti 32.

Na tafadhali, nawasihi, msichukue DLL moja moja kutoka zile tovuti za kugawa mafaili. Humjui aliyeliweka. Na zile programu zinazojitangaza kwamba zitakurekebishia kompyuta nzima ukilipia kila mwaka! Nimewahi kulipia moja. Ilinionyesha mamia ya makosa, ikayafuta yote, lancha ikaendelea kuanguka vilevile. Pesa ile ningenunulia gemu. Inaniudhi kwa sababu anayezinunua ni mtu aliyekwisha kata tamaa, na wenyewe wanajua hivyo.

Kuna watakaosema, mbona Event Viewer, ile programu ya Windows ya kusomea rekodi za matukio yote, ipo? Ipo, na ni nzuri. Ukiifungua kwenye rekodi za Application ukatafuta tukio namba 1000, utakuta habari zilezile za moduli na namba ya kosa. Lakini imezungukwa na maelfu ya mistari mingine isiyokuhusu, na haikuwekei kilichoingia kando ya kilichoanguka. Mimi huifungua baadaye, nikishaijua siku.

Ugomvi wangu na Reliability Monitor ni huu. Kwanza, kuificha. Kitu kizuri hivi kimewekwa mahali ambapo huwezi kukiona ukipita. Pili, ni nzito kufunguka na haionyeshi tukio la sasa hivi papo hapo, wakati mwingine inabidi ufunge, usubiri, ufungue tena. Tatu, kuna lancha zinazodaka anguko lao zenyewe na kujifunga kimyakimya, Windows haipati taarifa. Hapo safuwima itakuwa safi na wewe unalia. Ikiwa hivyo, tafuta folda ya rekodi za lancha (logs), mara nyingi iko ndani ya AppData, fungua faili la log, soma mistari ya mwisho kabisa.

Na namba 0xc0000005, ambayo ndiyo mtaiona kuliko zote, haikupi mengi. Inasema programu iligusa sehemu ya kumbukumbu ya kompyuta isiyoruhusiwa. Sababu zake ni nyingi mno. Nilianza video hii nikitaka kusema chombo hiki kinatosha, na sasa nikiwa nazungumza naona niwe mkweli: kwa namba hiyo hakitoshi peke yake. Kinachosaidia ni kulinganisha matukio. Bofya makosa matano. Kama moduli ni ileile mara zote, umempata. Kama kila mara ni nyingine, leo hii, kesho ile, acha kuhangaika na lancha, anza kushuku RAM au prosesa.

Hapo kwenye prosesa niseme kidogo. Wenye Intel ya kizazi cha 13 na 14 za deskitopu, mwaka 2024 Intel yenyewe ilikiri kwamba kuna tatizo la volti kupanda kupita kiasi, ikatoa maikrokodi, yaani maagizo ya ndani ya prosesa, 0x129 mwezi Agosti, ikafuata 0x12B. Dalili mojawapo ilikuwa gemu zilizojengwa kwa Unreal Engine, programu ya kutengenezea gemu, kulalamika kumbukumbu ya video imekwisha wakati bado ipo tele. Sasisha BIOS, ile programu ya ubao mama inayowasha kompyuta, maana maikrokodi hiyo huja nayo. Ila kama prosesa imeshaharibika, sasisho haliiponyi, dai dhamana. Intel iliongeza miaka miwili, ikawa mitano.

Na kuna kisa kingine, kompyuta mpya gemu la zamani. Gemu kadhaa za Unreal Engine 4 zilibeba toleo la zamani la OpenSSL, maktaba ya usimbaji wa mawasiliano, linaloanguka kwenye Intel za kizazi cha 10 kwenda juu. Tiba yake ni kuongeza kigezo cha mazingira (environment variable) ndani ya Windows, jina OPENSSL_ia32cap, thamani ~0x20000000. Simamisha video unakili herufi kwa herufi.

Nikitoka nje ya mada kidogo: kwa nini tunafika huku? Nimenunua gemu, nataka gemu. GOG wanakuuzia gemu unaloweza kulifungua bila lancha yoyote, ile Galaxy yao ni hiari yako. Kwenye Steam, Baldur's Gate 3 inakubali uandike --skip-launcher kwenye chaguo za kuanzisha, na Cyberpunk 2077 inakubali --launcher-skip, unaingia moja kwa moja. Angalia, maneno ni yaleyale yamegeuzwa tu, usiyachanganye. Natamani kila mtengenezaji angetupa mlango huo. Epic nao wanagawa gemu za bure kila wiki, nashukuru na huwa nachukua, lakini bure yenyewe inakuja na lancha, na zingine zinafungua lancha ya pili juu ya ya kwanza. Lancha mbili kwa gemu moja!

Habari za chaneli: Jumamosi nitakuwa mubashara, tutasoma rekodi zenu. Niwekeeni kwenye maoni ile mistari mitatu, jina la programu, moduli, na namba. Usiandike "gemu langu limegoma, nisaidie", siwezi kukusaidia kwa hiyo sentensi. Na wengi mnatazama bila kujiunga, jiungeni, video za namna hii haziletewi pesa na kampuni yoyote.

Haya, turudi kwa mkosaji wetu. Kabla ya kurekodi niliirudisha ile programu ya fremu kwenye kompyuta. Nafungua tena. Perfmon, mkwaju, rel. Subiri... Safuwima ya leo, hii hapa ya mwisho kulia. Jekundu juu. Buluu chini yake. Nabofya jekundu mara mbili, mstari wa pili: faili lilelile la DLL. Naiondoa sasa hivi mbele yenu, nawasha upya.

Nabofya gemu. Nembo. Kiduara. Lancha imesimama. Bofya cheza... muziki huo.