Kamera ya kuangalia afya ya mifugo: ununue ipi kwanza?

Ng'ombe mwenye kidonda cha kwato hujificha. Ukiingia zizini husimama wima kama wenzake, maana mnyama wa kuwindwa haonyeshi udhaifu mbele ya watu. Ukiondoka tu, mgongo unapinda na kichwa kinapanda na kushuka kila anapokanyaga. Hapo kamera yenye programu ya kusoma picha inamzidi mtu.

Ndiyo maana ninaweka mbele kamera ya kawaida ya video, inayofungwa juu ya njia wanayotokea ng'ombe baada ya kukamuliwa. Hupita mmoja mmoja, mahali palepale, kila siku. Programu hupima mstari wa mgongo na urefu wa hatua, kisha hulinganisha na siku zilizopita. Kuchechemea hupunguza maziwa, huchelewesha mimba, na kunauma sana. Kukigunduliwa mapema, mara nyingi kuchonga kwato na kutibu kidonda kunatosha. Muulize muuzaji jinsi mfumo unavyomtambua kila ng'ombe. Unaotegemea mabaka ya ngozi hutatizika na ng'ombe wa rangi moja, na hao watahitaji hereni za kielektroniki.

Ya pili ni kamera ya kina, ile inayopima umbali hadi mwilini na kutoa alama ya unene, kwa kawaida 1 hadi 5. Faida yake kubwa ni wiki za kwanza baada ya kuzaa, ng'ombe anapokonda polepole na wewe unayemwona kila siku hushtuki. Ifunge kivulini, kwa kuwa jua kali huvuruga vipimo vyake.

Wafugaji wa kuku na nguruwe wapange tofauti: kwao kamera ya banda zima ndiyo ya kwanza. Vifaranga wakirundikana wanasikia baridi. Wakikwepa kona moja, kakague hewa na maji pale. Kwa nguruwe, angalia mikia. Ikianza kulala badala ya kujikunja, kung'atana kunakaribia.

Kamera ya joto naiweka mwisho, ingawa picha zake huvutia wanunuzi. Joto la ndani la ng'ombe mzima huwa karibu nyuzi 38.5, na homa huongeza nyuzi moja au mbili tu. Kamera nyingi za bei nafuu hukosea kwa kiasi hichohicho, na tope, upepo au manyoya yaliyolowa huongeza kosa. Kipimajoto cha kawaida bado kinahitajika.

Yoyote utakayochagua, omba kuijaribu kwa wanyama wako mwenyewe. Mwite daktari wa mifugo awape alama ng'ombe 30 bila kuona majibu ya kamera, kisha linganisha. Hesabu wagonjwa walioachwa, na hesabu pia wazima waliotangazwa wagonjwa, kwa sababu simu ikilia bure mara nyingi, wafanyakazi wataacha kuitazama. Uliza pia kama mfumo hufanya kazi intaneti ikikatika, na ni nani atapanda ngazi kufuta vumbi na utando wa buibui kwenye lenzi.