Zoom H1n kwa wanaorekodi maisha ya mtaani, mimi nimeikubali

Wadau wa video, hiki kirekoda cha sauti nakitumia huku Mtwara kwenye zile filamu za kukaa na watu tu, hakuna mtangazaji wala maswali, kamera inatazama watu na siku yao basi. Filamu ya hivyo sauti ndo inabeba kila kitu, picha ikitikisika kidogo mtu anavumilia ila maneno yasiposikika anazima.

Kwanza ni kidogo, hakitishi. Kamera ukiitoa tu kina mama wanaobangua korosho wanaweka kanga sawa na kuanza kuongea Kiswahili cha redioni, ila kirekoda nakilaza pembeni ya mkeka (nawaambia kabisa kinarekodi na wakikataa nazima, hili halina mjadala) basi baada ya muda wameshakizoea, wanarudi kwenye stori zao za bei ya mnada, Kimakonde kinaingia humo humo, na chini ya maneno unasikia ganda linapasuka ta! halafu kokwa inadondoka kwenye beseni. Simu yangu hiyo ta inaimeza yote.

Sauti unaiongeza kwa kidude cha kuzungusha hapo mbele, huingii kwenye menyu, na limita ipo (inazuia sauti kubwa ya ghafla isipasuke), iwashe kabisa ukienda feri maana mnada wa samaki ukichangamka hupewi taarifa.

Betri ni AAA mbili, hata ukivuka maji kwenda Msangamkuu dukani zipo. Kadi ya kumbukumbu mwisho GB 32, na WAV (faili la sauti lisilobanwa) ya 48 kHz, biti 24 inakula kama GB 1 kwa saa kwahiyo unashinda nacho bila presha.

Sasa upepo jamani. Mikindani msimu wa kusi maiki ikiwa wazi unarudi na ngurumo tupu na hakuna programu ya kukurudishia yale maneno, ile lo-kati (inayokata sauti nzito za chini) inasaidia ila haitoshi. Manyoya ya kufunikia maiki yanauzwa peke yake, nunua siku hiyo hiyo. Na usikishike mkononi, kila kidole kinasikika, kifunge kwenye stendi au kilaze juu ya kitambaa.

Kama ndo unaanza kuna Zoom H1essential ya 2024 inayorekodi 32-bit float, yaani inabeba sauti ndogo na kubwa kwa pamoja, mtu akipaza sauti ghafla rekodi haiharibiki, hela ikitosha chukua hiyo. Mwenye H1n asiuze, aongeze manyoya na kadi nzuri aendelee na kazi.