Wakili aliyemtetea mdogo wangu kesi ya kukutwa na dhahabu bila kibali, nampa nyota 4 kati ya 5

Naandika hii kwa ajili ya wachimbaji wadogo wenzangu huku Kanda ya Ziwa maana kila siku naona watu wanaulizia wakili wa kesi za madini, na mi nimetumia huduma ya mmoja zaidi ya mwaka mzima. Jina lake silitaji kwa sababu kesi bado ina kipande hakijaisha, ila naeleza alivyofanya kazi ili na wewe ujue cha kumdai wakili wako.

Mdogo wangu alikamatwa akiwa kwenye bodaboda, ametoka karashani, kule mawe yanakosagwa, anapeleka dhahabu sokoni. Ndiyo, sokoni, haya masoko ya madini ya serikali yaliyoanza 2019, unakatwa mrabaha asilimia 6 na ada ya ukaguzi asilimia 1, unapewa risiti yako unaenda zako. Sasa leseni ya pale tunapochimba ni ya mzee mmoja, na siku hiyo dogo hakubeba karatasi yoyote ya yule mzee. Akashtakiwa kukutwa na madini bila kibali, kifungu cha 18 cha Sheria ya Madini, wakakiunganisha na sheria ya uhujumu uchumi, na hapo ukipatikana na hatia ni miaka 20 mpaka 30. Mama aliposikia hiyo miaka alikaa chini palepale kwenye korido ya mahakama.

Watu walishaanza kumshauri dogo akiri yaishe. Wakili akasema hakuna kukiri kitu ambacho hatujakisoma, akachukua nakala ya hati ya mashtaka na viambatanisho vyake, akatoa biro, akasoma neno kwa neno sisi tumekaa tunamwangalia kama nusu saa hivi. Kumbe kulikuwa na ridhaa ya DPP, yaani Mkurugenzi wa Mashtaka, ya kumshtaki lakini hakukuwa na ile hati nyingine ya kuipa mahakama ya chini mamlaka ya kusikiliza kesi ya uhujumu, na bila hiyo hakimu hana uwezo, Mahakama ya Rufani imeshafuta mwenendo wa kesi nyingi kwa sababu hiyo. Akaweka pingamizi la awali, hakimu akalikubali, mashtaka yakaondolewa.

Na hapa ndo nilimwamini kabisa. Asubuhi ya siku ile alituambia msishangilie, leteni wadhamini na nguo za kubadilisha, maana kuondolewa kwa mashtaka sio kuachiwa huru na anaweza kukamatwa tena mlangoni. Na ndivyo ilivyokuwa, dogo hakufika hata kwenye ngazi! Kesi ikafunguliwa upya na hati zote zimetimia, ila wadhamini walikuwa tayari hivyo hakukaa sana ndani. Wakili mwingine angetuacha tunacheza ngoma pale nje halafu tunaanza kulia upya.

Kwenye usikilizwaji alishika kitu kimoja tu, mnyororo wa vielelezo, akitumia uamuzi wa Mahakama ya Rufani kwenye kesi ya Paulo Maduka unaotaka kila mkono uliopokea kielelezo uonekane kwa maandishi. Hati ya ukamataji imeandikwa gramu 38.6, fomu ya mthamini gramu 41.2. Bahasha haikuwa na sahihi ya dogo wala ya shahidi huru, na hakuna karatasi inayoonyesha nani alikaa nayo zile siku nne katikati. Akamuuliza shahidi taratibu kabisa, dhahabu inaongezeka uzito ikiwa kabatini? Ukumbi ukawa kimya. Yaani dhahabu ni kitu kidogo, kinabadilishwa dakika moja, ukishindwa kuonyesha ilivyopita mkono kwa mkono utajuaje kama hii ndo ile aliyokamatwa nayo? Mahakama ikasema hana kesi ya kujibu.

Malipo tulikubaliana kwa hatua, sio mkupuo, na kila hela niliyotoa nilipewa risiti ya EFD, ile mashine ya kodi. Hakuniomba hata siku moja hela ya "kumwona mtu", na hili nalisema kwa herufi kubwa kwa sababu kabla yake tulishaombwa na mwingine na tukatoa na hatukuona kitu.

Nyota moja nimeitoa kwa sababu simu hapokei, unapiga mara sita unajibiwa usiku kwa meseji ya maneno matatu, na mara mbili alimtuma kijana wa ofisini kwake ambaye hakulijua faili na kesi ikaahirishwa, mtu umeacha duara, shimo lako la kuchimbia, umepanda gari la alfajiri unarudi na tarehe nyingine mkononi, inauma sana.

Kilichobaki ni dhahabu yenyewe. Ameshapeleka maombi ya kurudishiwa, na safari hii yule mzee mwenye leseni amekuja mwenyewe na leseni yake halisi kwenye bahasha ya kaki. Tunasubiri tarehe.