Programu ya kusafisha kompyuta ilivyonifutia ulib.dll

Nimekaa siku kadhaa bila kuandika, nikingoja hasira ipoe. Haijapoa.

Programu hii niliinunua mwenyewe, na nisiwanyime haki yao: miezi ya mwanzo ilinifaa. Ilifagia mafaili ya muda, nafasi ikapatikana, nikawasifia hata kwa rafiki zangu. Majuzi ikaniletea orodha ya "mafaili yasiyotumika" na kitufe kikubwa cha kijani chini yake. Nikabonyeza kama nilivyozoea.

Baadaye diski yangu ya nje, yenye picha za marehemu mama, ikagoma kufunguka. Windows ikataka niifomati kwanza. Nikakataa. Nikafungua dirisha la amri kama msimamizi, nikaandika chkdsk (amri ya Windows ya kukagua diski), herufi ya diski, kisha /f, yaani irekebishe makosa itakayoyakuta. Badala ya ukaguzi kuanza, kikaruka kisanduku: ulib.dll halikupatikana. Nikajaribu xcopy, amri ya kunakili, angalau ninakili mafaili ya kazi yaliyokuwa kwenye kompyuta yenyewe. Kisanduku kilekile. Nikaandika tree, amri ya kuonyesha mpangilio wa mafolda, kilekile. Viganja vilinilowa jasho.

Nikaenda kwenye kumbukumbu za ile programu. Jina lilikuwepo, katikati ya orodha, na pembeni yake neno "halitumiki".

Halitumiki! Ulib.dll ni faili la maktaba ya pamoja. Ukilibofya halifunguki, kwa sababu halikutengenezwa lifunguliwe na mtu. Limebeba kazi ambazo programu nyingine huziazima: kuelewa ulichoandika baada ya amri, kufuata njia za mafolda, kuonyesha ujumbe. Chkdsk, format, xcopy, tree, attrib, zote huchota humo badala ya kila moja kubeba nakala yake. Wapangaji wengi, kisima kimoja. Ukikifukia, nyumba nzima inakosa maji kwa mpigo, ndiyo maana amri zangu zote zilianguka pamoja.

Tena faili hilo linakaa System32, folda la mafaili ya Windows yenyewe, na mmiliki wake ni TrustedInstaller, akaunti ya ndani ya Windows inayoyalinda. Hata ukiwa msimamizi wa kompyuta hulifuti hivi hivi. Lazima kwanza ujitwalie umiliki. Yaani programu ilikuta mlango umefungwa, ikauvunja, ndipo ikaingia kufuta. Hilo silisamehe.

Diski kuharibika si kosa lao, nakubali. Nilikuwa tayari hata kuwapa nyota tatu wakiniomba radhi. Nikawaandikia huduma kwa wateja. "Ndugu mteja," yule mhudumu akaanza, nikafarijika. Kisha: "Kama hujui kompyuta, usibonyeze kila unachokiona. Tafuta hilo faili mtandaoni, pakua, liweke hapo."

Nilisoma mara tatu. Kitufe ni chenu! Na huo ushauri ni wa hatari kuliko ufutaji wenyewe. Chkdsk nimeifungua kwa mamlaka ya msimamizi, kwa hiyo chochote kilichofichwa ndani ya DLL (faili la maktaba kama hilo) ya kuokota kitafanya kazi kwa mamlaka hayohayo, kikiwa kimeshikilia diski yangu. Hata likiwa safi, likiwa la toleo jingine la Windows huenda lisielewane na wenzake. Mtu anayelipwa kunisaidia ananiambia hivyo, na kunitukana juu!

Kilichoniokoa ni amri moja tu, sfc /scannow, inayokagua mafaili ya Windows na kurudisha yaliyopotea. Windows hutunza mafaili yake ndani ya folda la WinSxS, na mara nyingi lile la System32 ni jina la pili tu la faili lilelile. Jina moja likifutwa, data inabaki. Nilijiandaa kuendelea na DISM, amri ya kukarabati hiyo hazina yenyewe, kama ingeshindikana, lakini haikuhitajika. Ulib.dll likarudi, nikarudia chkdsk, ikaenda hadi mwisho.

Picha nyingi zilijaa kwenye folda la found.000, ambamo chkdsk huweka ilivyookoa, majina yamepotea, zimekuwa file0000.chk, file0001.chk, na kuendelea. Ya kwanza niliyoibadilisha mwisho wake kuwa .jpg ikafunguka: mama amekaa kwenye mkeka, anacheka na mtu asiyeonekana.

Nilikuja hapa kuweka nyota mbili kwa ajili ya ile miezi ya mwanzo. Nikimkumbuka yule mhudumu, naweka moja, na pesa yangu naidai. Programu nimeshaiondoa. Picha bado nazibadilisha majina, moja moja.